Saa ya Kuondoka: Barua ya Wazi kwa Madiwani wa Manispaa ya Sumbawanga na kwa LATRA Mkoa wa Rukwa

Waheshimiwa Madiwani wa Halmashauri ya Manispaa ya Sumbawanga, nanyi watumishi wa Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini (LATRA) katika Mkoa wa Rukwa,

Naomba idhini yenu niliseme hadharani jambo ambalo wakazi wa Mollo, na wenzetu wa kata nyingine za pembezoni mwa manispaa, tumekuwa tukilinung'unikia barazani na njiani kwa muda mrefu pasipo kulifikisha kwa wenye uwezo wa kulitengeneza, nalo ni hili, kwamba gari litokalo kwetu kwenda mjini halina saa ya kuondoka. Mtu anayesafiri kutoka Sumbawanga kwenda Dar es Salaam, safari inayozidi kilomita elfu moja, huijua saa ya basi lake tangu siku anapokata tiketi, na basi likichelewa anajua pa kulalamikia. Lakini anayetoka Mollo kwenda Sumbawanga, asiyeuvuka hata mpaka wa manispaa, hajui kama ataondoka saa kumi na mbili asubuhi au saa nne, wala hana wa kumwuliza, na jioni akitaka kurudi kwake hali huwa ni hiyo hiyo, ila imeongezewa giza.

Sisemi haya kwa kutoiona kazi iliyokwisha kufanyika. Yeyote mwenye umri wa kuikumbuka njia ya Tunduma kabla ya lami, aliyepata kulala ndani ya lori lililozama katika tope la Februari akingoja jua la asubuhi liikaushe ardhi, anaifahamu neema tuliyoipata barabara ile ya zaidi ya kilomita mia mbili ilipojengwa upya kwa msaada wa Shirika la Changamoto za Milenia la Marekani, na lami ikazidi kusonga mbele, upande mmoja kuelekea Mpanda, na upande mwingine kuelekea Matai na bandari ya Kasanga katika Ziwa Tanganyika. Tunashukuru, na shukrani hiyo ni ya dhati. Lakini barabara ni kitu kimoja na usafiri ni kitu kingine, na katika hesabu za maendeleo aghalabu hivi viwili huchanganywa, kana kwamba ukishaitengeneza barabara umekwisha kumsafirisha mtu. Barabara ni ya mwenye gari. Asiye na gari huifaidi kwa kadiri ya gari analoweza kulipanda, katika saa anayoihitaji, kwa nauli anayoimudu.

Na haja ya kulipanda gari hilo haipungui, bali inazidi kila mwaka. Tangu mkoa wetu ulipoundwa mwaka 1974, mji wa Sumbawanga umekuwa ndipo mahali ambapo mambo yote ya mkoa hukamilishwa: huko ndiko iliko Hospitali ya Rufaa ya Mkoa, huko ziko mahakama, benki, maduka ya mbolea na mbegu, ofisi za vitambulisho, na Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula anayenunua mahindi yetu. Sensa ya mwaka 2012 iliwahesabu katika manispaa watu laki mbili na zaidi kidogo, na ile ya mwaka 2022 ikawahesabu zaidi ya laki tatu. Nao walioongezeka hawakujibana wote Mazwi na Majengo, bali wamejenga nje, ambako kiwanja kinapatikana na shamba liko karibu, na kwa sababu hiyo kila mwaka idadi ya watu wanaoishi mbali na mji ilhali maisha yao yanautegemea mji inakuwa kubwa zaidi. Mkazi wa Mollo haendi mjini kwa matembezi. Huenda kwa sababu jambo lake limemalizikia huko, na asipofika kwa wakati hupoteza siku, na siku ya mkulima wakati wa kupanda si kitu kidogo.

Naomba niwaonyesheni asubuhi moja ya mwezi wa Juni, maana aliye ofisini saa mbili huwa hajaiona. Baridi ya Ufipa mnaifahamu, ile inayoshuka na upepo wa Milima ya Mbizi na kukaa juu ya nyasi mpaka jua lipande. Kando ya barabara amesimama mama aliyevaa sweta la mumewe na khanga mbili juu yake, na miguuni pake pana ndoo ya lita ishirini iliyojaa maharage, imefunikwa kwa kipande cha salfeti na kufungwa kwa mpira wa baiskeli. Amefika hapo kukiwa bado giza, kwa kuwa anajua kwamba sokoni mjini wanunuzi wenye fedha zao hufika mapema, na kwamba ikishapita saa tatu bei hupangwa na madalali. Hiace ya kwanza inapita imejaa, vioo vimetanda ukungu wa pumzi za watu, kondakta ameinama mlangoni na mgongo wake uko nje, haisimami. Ya pili inasimama, kondakta anaitazama ndoo kabla hajamtazama mwenye ndoo, anataja nauli ya mtu na nauli ya mzigo, kisha anamwambia asogee, siti ya watu watatu itakaliwa na wanne. Lakini dereva hajaridhika. Anarudi nyuma hadi njia panda kutafuta wawili waliobaki, anazima injini, anashuka. Muda unakwenda. Mama huyu hana pa kushuka, kwa sababu akishuka atapoteza nafasi, wala hana pa kulalamika, kwa sababu hakuna aliyemwahidi saa. Atafika sokoni madalali wamekwisha kukaa, naye atauza kwa bei yao, na katika daftari zetu zote hasara hiyo haitaandikwa popote.

Wako wanaosema kwamba dawa ya mambo haya ni kuwakemea madereva na makondakta, watu wasio na adabu na wenye tamaa. Mimi sikubaliani nao, na ningependa nanyi, waheshimiwa, msikubaliane nao, kwani rai hiyo inatupumzisha sote na wajibu wa kufikiri. Dereva wa gari dogo la abiria aghalabu hana mshahara. Ana tajiri, yaani mwenye gari, na tajiri anataka hesabu yake kila jioni, kiasi kilichokubaliwa, mvua inyeshe isinyeshe, abiria wawepo wasiwepo. Kinachosalia baada ya hesabu na mafuta ndicho cha dereva na kondakta wake kugawana. Mafuta nayo, kama zinavyoonyesha bei kikomo zinazotangazwa na EWURA, mamlaka ya kudhibiti nishati na maji, kila mwezi, kwetu ni ghali kuliko bandarini, kwa kuwa yamesafiri safari ile ile ndefu tunayoisafiri sisi. Mtu aliyefungwa na masharti hayo, akiondoka na viti vitano vitupu, anatoa mfukoni mwake mwenyewe nauli ya watu watano. Kungoja kujaza, basi, si tabia mbaya. Ni hesabu sahihi ya mtu ambaye hasara yote ya kiti kitupu imewekwa juu ya kichwa chake peke yake. Na maadamu hasara hiyo iko pale, gari litaendelea kungoja, hata tukibadilisha madereva wote wa Rukwa tukaweka malaika.

Na hasara ya dereva, ukiitazama kwa insafu, ni ndogo ikilinganishwa na ile anayoihamishia kwa abiria. Gari linapongoja saa nzima ili kupata watu watatu, watu kumi na wawili waliokwisha kuketi wamepoteza saa kumi na mbili baina yao, ili mtu mmoja asipoteze nauli tatu. Hakuna mfanyabiashara atakayekubali biashara ya namna hiyo akiiona imeandikwa. Sisi tumeikubali kwa sababu haijaandikwa.

Asiyeweza kungoja hupanda bodaboda. Vijana wa bodaboda wametuokoa mara nyingi, na ni haki kulisema jambo hili waziwazi: ndio wanaokuja usiku mtoto anapopata degedege, ndio wanaojua kila nyumba ilipo. Lakini bodaboda ni usafiri wa mtu mmoja anayelipa mafuta na muda wa chombo kizima, nauli yake ni maradufu ya nauli ya gari, na mvua ikinyesha hupanda tena, kwa kuwa udongo wetu ukilowa huteleza na kijana anaihatarisha roho yake. Ndipo watu wanapoingia katika kupakizana mishikaki, watatu na pengine wanne juu ya pikipiki moja, mtoto mbele ya dereva juu ya tangi, na sisi tunaotazama tunasema hawa hawajali uhai wao, ilhali wamegawana nauli ambayo mmoja wao asingeiweza. Usafiri wa dharura umegeuzwa kuwa usafiri wa kila siku. Hapo ndipo penye kosa, wala si kwa vijana.

Jambo hili la gari kungoja kujaa halikuanza kwetu, na ni vyema tukumbuke lilikotoka. Dar es Salaam enzi za Waingereza ilihudumiwa na kampuni ya Dar es Salaam Motor Transport, ambayo Serikali yetu iliitaifisha mwaka 1970, na mwaka 1974 ikaigawa, mabasi ya mjini yakawa ya shirika la UDA na yale ya mikoani yakawa ya shirika la KAMATA. Mji ukakua upesi kuliko mabasi. Fedha za kigeni zikaadimika, vipuri vikakosekana, magari yakazidi kulala gereji, na wananchi wakaanza kupanda magari ya watu binafsi kwa kificho, wakiwakwepa askari, mpaka mwaka 1983 Serikali ilipoyaruhusu rasmi. Hizo ndizo daladala. Ziliuokoa mji, na mwenye kuzikejeli leo hakusimama kituoni siku zile. Lakini ziliruhusiwa kwa haraka ya dhiki, kila gari likiwa biashara ya peke yake, zikapewa njia na nauli pasipo kupewa saa, na desturi hiyo ikaenea kutoka Dar es Salaam hadi katika miji yetu yote, hata tukaizoea na kudhani kwamba ndiyo maumbile ya gari la abiria. Hata mabasi ya mwendokasi, yaliyoanza kubeba abiria kati ya Kimara na Kivukoni mwezi wa Mei 2016 yakiwa mabasi 140, na yaliyojengewa barabara yao wenyewe, yametupa somo hilo hilo kwa gharama kubwa: abiria waliosongamana vituoni miaka iliyofuata walikuwa na barabara, walikuwa na vituo vizuri vyenye paa, walichokosa ni basi lenye kufika kwa wakati. Mji mkubwa umekwisha kuonyesha kwamba zege peke yake halimfikishi mtu. Sisi wa miji midogo tusianze kwa kulirudia kosa hilo.

Kwingineko wamejaribu kulitatua tatizo hili kwa njia isiyo ngumu kuielewa. Katika mji wa London, tangu miaka ya 1980, njia za mabasi hutolewa kwa zabuni: mamlaka ya mji hupanga njia, saa na nauli, kisha makampuni hushindana, na anayeshinda hulipwa kwa kuliendesha basi katika saa zilizoandikwa, liwe limejaa au halikujaa. Mji wa Kigali, ulio jirani nasi zaidi kwa mfuko na kwa vilima, mwaka 2013 nao uligawa njia zake kwa mikataba baina ya makampuni machache na vyama vya ushirika vya wenye magari. Sidai kwamba miji hiyo haina malalamiko; inayo. Ninachokisema ni kwamba huko hasara ya kiti kitupu haikuachiwa dereva peke yake, na kwa sababu hiyo gari linaweza kuondoka.

Muradi wangu, waheshimiwa, sasa naueleza. Naomba ichaguliwe njia moja, nayo iwe ya Mollo na mjini, kwa mwaka mmoja wa majaribio, na njia hiyo itangazwe kwa zabuni ya wazi ambayo mwenye Hiace mbili au Coaster moja ataweza kuiomba. Masharti yawe machache: gari litoke Mollo saa kumi na mbili asubuhi, saa tatu, na saa saba mchana, litoke mjini saa nne, saa nane, na la mwisho saa kumi na mbili jioni, na liondoke kwa saa hiyo hata kama ndani yumo abiria mmoja. Saa hizi zinaweza kurekebishwa na watu wa kata wenyewe katika mkutano, kwani wao wanajua siku za mnada na siku za kliniki. Lakini zikisharekebishwa ziandikwe kwa rangi juu ya bati, lisimamishwe pale gari linapoanzia na pale linapoishia, na namba ya simu ya ofisi ya LATRA iandikwe chini yake. Mwenye gari naye aahidiwe kwamba kwa kila safari atakayoifanya kwa saa yake, nauli zikipungua chini ya kiasi kilichokubaliwa, halmashauri itajazia pengo. Katika miezi ya kwanza pengo litakuwepo. Baadaye, watu wakishaamini kwamba gari la saa kumi na mbili ni la saa kumi na mbili, watajipanga kwa saa hiyo, na gari litajaa kwa sababu linaondoka, badala ya kuondoka kwa sababu limejaa.

Mtaniuliza fedha zitoke wapi, na swali hilo ni la haki. Halmashauri hutoza ushuru katika stendi, na si dhuluma fedha itokanayo na vyombo vya usafiri ikirudi sehemu yake katika usafiri. Tena iko ile asilimia kumi ya mapato ya ndani inayokopeshwa vikundi vya wanawake, vijana na watu wenye ulemavu, iliyosimamishwa mwaka 2023 na kuanza tena mwaka 2024. Mara ngapi mkopo huo umenunua pikipiki moja moja, zikaongeza bodaboda juu ya bodaboda, vijana wakanyang'anyana abiria wale wale? Kikundi kimoja cha vijana wa Mollo kikikopeshwa gari dogo la abiria, kikiwa na mkataba wa njia mkononi, kitakuwa na biashara inayojulikana kipato chake kabla haijaanza, na halmashauri itakuwa na mkopaji anayeweza kulipa.

Kuhusu sheria, sioni kizuizi. LATRA iliundwa kwa sheria ya mwaka 2019 ili isimamie leseni, nauli na ubora wa huduma, na kwa mabasi ya mikoani imekwisha kuonyesha kwamba ratiba inawezekana kusimamiwa. Yamefungwa vifaa vya kufuatilia mwendo, na mwaka 2023 Serikali iliporuhusu mabasi kusafiri usiku na mchana, ratiba zilipangwa upya kwa nchi nzima. Kama inawezekana kujua basi la Dar es Salaam liko wapi saa nane ya usiku, haiwezi kuwa muhali kujua kama Hiace ya Mollo imeondoka alfajiri. Na hata fikra ya Serikali kumlipa mwenye gari binafsi ili asafirishe mtu kwa masharti si ngeni: mpango wa m-mama, uliozinduliwa kitaifa mwezi wa Aprili 2022, humwezesha mjamzito aliyepatwa na dharura kupiga simu namba 115 bila malipo, na pasipo gari la wagonjwa karibu huitwa dereva wa kijijini aliyekwisha kukubaliana malipo na Serikali. Tumeweza kuafikiana na dereva kwa ajili ya saa ya hatari. Tunashindwaje kuafikiana naye kwa ajili ya kliniki ya Jumanne, ambayo ikihudhuriwa kwa wakati huipunguza hatari yenyewe?

Nimewaacha wanafunzi mwisho, si kwa kuwa wao ni wa mwisho. Nauli mpya zilipoanza kutumika Desemba 2023, ya mtu mzima kwa daladala za mwendo mfupi ikapanda hadi shilingi 600, ya mwanafunzi iliachwa katika shilingi 200, na nia ya uamuzi huo ilikuwa njema. Lakini katika gari linalongoja kujaa, mtoto wa shilingi 200 amekalia kiti cha mtu wa shilingi 600, na kondakta, aliye na hesabu ya tajiri kichwani, humwona mtoto yule kama hasara inayojongea. Anamkataa, au anamwambia asimame mlangoni, au anamwambia angoje gari lijalo, nalo lijalo litasema vile vile. Mtoto anafika shuleni kipindi cha pili, anaadhibiwa kwa kuchelewa, na kwa mwezi mzima anajifunza kwamba kuwahi hakumo katika uwezo wake. Punguzo lisilo na gari lenye wajibu wa kumbeba mtoto ni punguzo la karatasini. Katika mkataba ninaouomba, sharti la kumbeba mwanafunzi liandikwe pamoja na saa, na fidia ya nauli yake ihesabiwe ndani ya lile pengo.

Basi naomba mambo mawili tu, na yote mawili yamo katika uwezo wenu. Ninyi Waheshimiwa Madiwani, liingizeni shauri hili katika ajenda ya kikao chenu kijacho cha Baraza, mkimwita diwani wetu na watendaji wa vijiji na mitaa waseme saa wanazozihitaji watu wao. Nanyi wa LATRA, njooni Mollo asubuhi ya siku ya kazi, kabla ya jua, bila gari la ofisi, mkasafiri nasi hadi mjini kwa gari litakalopatikana, kisha mkae na Baraza mkiwa mmeiona hali kwa macho yenu. Sisi tutakuwepo barabarani, kwa kuwa ndiko tunakoshinda.

Wenu katika ujenzi wa Taifa,

Mkazi wa Mollo, Sumbawanga